Kabla ya kukariri majina ya mifupa, kanunue mgongo wazi

Wadogo zangu mnaoanza somo la wanyama wenye uti wa mgongo, nawajua. Mnaingia maabara na koti jeupe ambalo bado lina mikunjo ya dukani, mkononi mna orodha ya majina ya Kilatini mliyorithi kwa waliowatangulia. Wiki ya tatu orodha imefika kurasa kumi. Wiki ya sita mmeanza kulichukia somo. Nimekaa upande wa pili wa meza hiyo miaka 14, naandaa vielelezo, naosha sinia za kupasulia, nasimamia mitihani ya vitendo. Kabla ya hapo nilikuwa mwanafunzi wa orodha hiyohiyo, na mtihani wangu wa kwanza niliambulia alama 31. Majina nilikuwa nayo yote. Nilichoshindwa ni kuutambua mfupa ukishawekwa mezani kichwa chini miguu juu.

Aliyeniokoa ni mama mmoja muuza mgongo wazi, Mwanza. Kwa msiotoka Kanda ya Ziwa: viwanda vya samaki huondoa minofu ya sangara ikauzwe nje, na kinachobaki, yaani kichwa, uti wa mgongo na mkia, hukaangwa tukauziwa sisi. Nilikuwa likizo, nimekaa kwenye benchi nachokonoa, nikaona mapezi ya kifuani yamebaki na kichwa. Nikavuta pezi moja. Likaja na mfupa uliopinda kama upinde, na ncha ya juu ya upinde huo ilikuwa imeshikana na nyuma ya fuvu. Nikaacha kula. Huo ndio ukanda wa bega niliousoma mara nne nisiuelewe: bega la sangara limeungwa kichwani! Ndiyo maana samaki hana shingo, na akitaka kutazama kando hana budi kugeuza mwili mzima.

Hapo ndipo Tiktaalik, samaki wa kale aliyekwisha kutoweka, aliponiingia akilini. Visukuku vyake vilipatikana mwaka 2004 kisiwani Ellesmere, kaskazini kabisa mwa Kanada, katika miamba yenye umri wa takriban miaka milioni 375. Ana magamba na mapezi kama samaki yeyote, lakini bega lake limeachana na fuvu, kwa hiyo kichwa kinageuka peke yake. Kitabuni hilo lilikuwa mstari mmoja tu nilioupigia rangi ya njano. Kwa aliyekwisha kung'oa bega la sangara kwa vidole vyake, mstari huo ni habari kubwa.

Basi ushauri wangu ni huu: kabla ya kuuliza mfupa unaitwaje, uliza kabla ya hapo ulikuwa nini, na kwa nani. Jina litakuja lenyewe na halitatoka tena.

Jaribuni kwenye mguu. Kanuni yake ni fupi: juu mfupa mmoja, chini yake miwili, kisha vifupa vingi, kisha vidole. Ndivyo ulivyo mkono wako, ndivyo lilivyo bawa la popo, pezi la nguva na mguu wa mbele wa chura, ingawa kwa chura ile miwili imeungana. Kinachobadilika ni urefu, unene, na nani kaungana na nani. Agizeni supu ya makongoro mkaombe ule mfupa mrefu ulio juu ya kwato. Una mfereji mwembamba katikati kwa urefu, na upande wa chini umegawanyika vichwa viwili. Hiyo ni mifupa miwili ya kiganja, ya kidole cha tatu na cha nne, iliyoungana ikawa mmoja. Ng'ombe anatembea kwa ncha za vidole viwili na kwato ni kucha zake. Punda kabakiza kidole kimoja tu, cha kati. Mwanafunzi aliyeushika mfupa huo ukiwa bado na mafuta ya supu hahitaji kukaririshwa.

Kuku nawaonya mapema, maana kila mwaka karibu nusu ya darasa wanaandika kwamba goti la kuku linapinda kinyume na la mtu. Hata mimi niliandika hivyo, tena kwa mchoro. Kile mnachokiita goti ni kifundo cha mguu. Goti lenyewe liko juu, limejificha kwenye manyoya karibu na tumbo, na linapinda kama lako. Kuku anatembea kwa vidole huku kisigino kikiwa hewani. Na kile kimfupa chembamba kama sindano kinachowachoma ufizi mkila mguu wake ndicho mwenzi wa muundi, mmoja wa ile miwili ya kanuni yetu, uliodhoofika ukabaki kibanzi. Kwako uko mzima, upande wa nje wa mguu, na ncha yake ya chini ndiyo kile kinundu cha nje cha kifundo.

Shingoni napo pana utamu wake. Mtu ana pingili 7 za shingo, panya 7, popo 7, twiga 7. Nguva wetu wa pwani ya Rufiji na Kilwa anazo 7, ila binamu yake manatii ana 6, mmoja wa wachache mno waliovunja kanuni hiyo miongoni mwa wanyonyeshao. Twiga hakuongeza pingili, alirefusha zilezile. Sasa nunueni shingo ya kuku kwa wakaangaji wa jioni, mhesabu: mtapita 7 upesi, maana ndege wao huongeza idadi. Na yule dinosaria aliyechimbwa Tendaguru, Lindi, kati ya 1909 na 1913, ambaye mifupa yake imesimamishwa Berlin kwa kimo cha mita 13.27, alifanya yote mawili: pingili 13, na kila moja ndefu. Shingo zinafanana kwa mbali, ila kila ukoo ulikuja na njia yake. Mtihani wa mwisho hupenda sana kuuliza hapo.

Twiga huyohuyo ana ushahidi mwingine ambao mimi huuweka juu ya yote. Kuna neva inayotoka kwenye ubongo kwenda zoloto, kile kisanduku cha sauti kooni. Kwa njia ya mkato safari hiyo haifiki hata hatua moja. Lakini neva ya upande wa kushoto inashuka shingo nzima hadi kifuani, inazunguka mshipa mkuu wa damu karibu na moyo, kisha inapanda tena shingo nzima kurudi kooni, zaidi ya mita 4. Fundi wa umeme akikuwekea waya hivyo humlipi. Ukiangalia samaki unaelewa: matawi ya neva hiyo yanaenda kwenye matamvua moja kwa moja, kila tawi nyuma ya mshipa wake wa damu, na moyo uko hapohapo jirani. Shingo ilipoanza kurefuka moyo ukabaki kifuani, na neva ilikuwa imeshanaswa nyuma ya mshipa. Ikabidi irefuke nao. Hata wewe unayo, fupi zaidi, na madaktari wanaopasua tezi ya shingo huikwepa kwa uangalifu mkubwa, maana wakiigusa vibaya mgonjwa anaamka na sauti ya kukwaruza.

Masikio niyapitie haraka: nyundo na fuawe, vifupa viwili vilivyo ndani ya sikio lako, vilikuwa bawaba ya taya kwa mababu zetu. Mjerumani Reichert alionyesha uhusiano huo mwaka 1837 kwa kuchunguza viinitete. Kuku ana mfupa mmoja tu wa sikio, na taya lake bado linatumia bawaba ya zamani.

Kosa ambalo huwa halisameheki mezani kwangu ni la ngazi. Mnachora samaki chini, kisha chura, kenge, nyani, na juu kabisa mtu na miwani. Futeni. Chukueni kamongo wa Ziwa Viktoria na sangara, muwaweke sinia moja. Wote mtawaita samaki. Pasueni: kamongo ana mapafu, na asipopanda juu kuvuta hewa anakufa maji. Kwa ukoo, kamongo yuko karibu na wewe kuliko alivyo karibu na sangara. Darasa hucheka kila nikisema hivyo, kisha wananyamaza wanapoona yaliyo ndani. Silikanti wa Tanga, samaki wa baharini, naye yuko upande wetu wa ukoo: mapezi yake yana shina la nyama lenye mifupa ndani. Wanasayansi walimjua kwa visukuku tu, wakidhani alitoweka zamani za dinosaria, hadi mmoja alipovuliwa Afrika Kusini mwaka 1938. Wavuvi wa Komoro walikuwa wakimwita gombesa na hawakuwa na habari kwamba katoweka. Wala hakuna aliyebaki nyuma darasani hapa. Silikanti ametembea miaka ileile uliyotembea wewe, kwa njia yake. Na mtakaoulizwa nyumbani kama ni kweli tumetoka kwa nyani, jibuni kwamba nyani wa Mikumi ni binamu, si babu.

Mwisho ni mambo ya mikono. Chora kila unachopasua, hata kama mchoro wako unafanana na kiazi. Jicho huona kile tu ambacho penseli imelazimika kukifuata. Jiwekee mifupa yako mwenyewe: kuku, mbuzi, sangara. Ichemshe kwa moto mdogo na sabuni ya unga kidogo, ibandue nyama, ibadilishie maji kwa siku kadhaa, kisha uianike kivulini. Usitumie dawa ya kung'arisha nguo yenye klorini. Mimi nilitumia kwenye fuvu langu la kwanza la mbuzi, likatoka jeupe pee, na baada ya miezi michache likaanza kumomonyoka kama chaki. Mifupa ya porini iacheni: fuvu la swala uliloliokota kando ya hifadhi ni nyara ya serikali, na "nilikuwa najisomea" si kibali.

Sufuria ya kazi hii iwe ya kazi hii tu, na uchemshie mbali na madirisha ya watu. Mwenye nyumba wangu wa kwanza alivumilia kuku, akavumilia mbuzi. Kichwa cha kamongo kilichokaa siku mbili kilimshinda, nikapewa wiki moja ya kuhama.