Kabla ya Kuwapeleka Watoto Barview Kuvua Kaa: Jibu kwa Msomaji wa Beaverton

Msomaji mmoja wa Beaverton, hapa Oregon, Marekani, dada ambaye ameomba nisimtaje jina, ameniuliza jambo ambalo nimeulizwa mara nyingi msimu huu: je, ni kweli kwamba familia ya watu wa kawaida inaweza kulala kando ya bahari ya Oregon siku mbili tatu, ikavua samaki na kaa kwa mikono yake, bila kuwa na mashua wala lile gari kubwa lenye vitanda na jiko ndani? Ameongeza kwamba mama mkwe wake, aliyeishi miaka mingi katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Kigoma, amekataa katakata, kwa hoja kwamba mtu aliyekwisha kutoka hemani halipi fedha ili arudishwe hemani. Nimeamua kumjibu kwa urefu, kwa sababu swali la kwanza lina jibu jepesi, na hilo la pili liliwahi kuniumiza.

Jibu jepesi ni ndiyo, na mahali ninapopapendekeza ni hifadhi ya Barview Jetty, inayomilikiwa na Kaunti ya Tillamook. Kutoka Portland unafuata barabara namba 6 na kupita katika msitu ulioungua mwaka 1933, kisha tena 1939, 1945 na 1951, kabla ya kupandwa upya, kwa sehemu na watoto wa shule. Waambie wanao hivyo mkiwa njiani, watatulia kidogo. Ukifika mji wa Tillamook unashika barabara namba 101 kuelekea kaskazini, unapita Garibaldi, na muda mfupi baadaye unaiona hifadhi upande wa bahari, pale ambapo ghuba ya Tillamook, inayopokea maji ya mito mitano, inafungukia Pasifiki. Kuna viwanja vya mahema chini ya miti, viwanja vya magari yenye umeme na maji, mabafu ya maji ya moto na mahali pa kuwashia moto. Ukivuka vichaka tu unakutana na ufuo mpana wa mchanga na ukuta mrefu wa mawe unaoingia baharini.

Nilipolitoa wazo hili kwa mara ya kwanza katika mkutano wa jumuiya yetu, nilichekwa. Mzee mmoja ninayemheshimu alisimama na kusema kwamba mimi, mtu wa Pangani, sijawahi kulala hemani kwa kulazimika, ndiyo maana naona raha. Kwamba wenzangu waliotoka Kongo na Burundi walipigwa na mvua ya hema mpaka watoto wao wakaota ndevu. Watu walipiga makofi. Sikuwa na la kumjibu, na kwa kweli hadi leo sina, kwa sababu alisema kweli. Lililoniuma ni lile lililofuata: kwa muda mrefu kila nilipoingia mahali palipo na watu wetu, kijana fulani alikuwa akiniuliza kama nimekuja na hema langu. Leo kijana huyo anapanga safari za Barview, anapiga picha akiwa ameshika kaa kwa magando, na hajawahi kutaja alikojifunzia. Sidai sifa, lakini naandika ili ijulikane.

Nakiri pia kwamba kabla ya hapo niliishi Oregon muda mrefu bila kuigusa bahari yake. Nimelelewa na baba mvuvi, mwenye ngalawa na madema, mlangoni mwa mto Pangani, na bahari niliyoijua ilikuwa ya uvuguvugu. Hii ya hapa, ambayo hata kiangazi huwa na nyuzi joto kumi na kitu tu, ilinitia hofu na huzuni kwa pamoja. Nilipojikaza nikasimama Barview nikiyatazama maji ya mito yakipambana na maji ya bahari, niligundua kwamba elimu ya baba yangu haijapitwa na wakati hata kidogo. Wapo wenyeji waliokuwa na vifaa ghali na waliokuwa wakirudi na nyavu tupu, huku sisi tukijaza ndoo, kwa sababu sisi tulisoma maji.

Na huo, dada yangu, ndio ushauri wangu wa kwanza: soma maji. Kaa hutembea na kula vizuri zaidi wakati maji yametulia, yaani kile kipindi kifupi kabla na baada ya kujaa au kupwa kabisa. Mkondo ukiwa mkali kaa hujificha mchangani, nawe humpati. Tafuta jedwali la maji la Garibaldi na uchague siku za maji mafu badala ya bamvua. Utaona jambo geni kwa mtu wa pwani yetu: huko kwetu kujaa mara mbili kwa siku hukaribiana kimo, ilhali hapa kujaa kumoja huzidi kungine kwa kiasi kikubwa, kwa hiyo usikadirie kwa mazoea. Mvua kubwa ikinyesha, mito hujaza ghuba maji baridi yasiyo na chumvi na kaa hukimbilia baharini. Ndiyo sababu Septemba na Oktoba, kabla mvua hazijakolea, ni miezi ninayoipenda. Kaa huwa wamekwisha kupona baada ya kujivua gamba na wamejaa nyama. Ukimpata kaa ambaye gamba lake linabonyea kwa kidole, mrudishe, hana kitu ndani.

Kuhusu vifaa, usinunue vingi. Nyavu za pete, ambazo hulala chini zikiwa zimefunguka na kuinuka kama kikapu unapovuta kamba, zinatosha, na katika Garibaldi zinakodishwa. Pale kwenye mawe ya Barview nyavu hunasa na kupotea, kwa hiyo watu wengi hutumia vitanzi vinavyofungwa kwenye mshipi na kurushwa kwa fimbo, lakini kwa mwenye watoto nasema nenda Garibaldi, dakika chache tu, kwenye gati la zamani la walinzi wa pwani, ambalo ni refu kuliko yote ya Oregon. Chambo kizuri ni mapaja ya kuku. Vichwa vya samaki ni vitamu zaidi kwa kaa lakini sili huvinyakua kabla kaa hajanusa. Vuta wavu baada ya robo saa, uvute kwa haraka na bila kusita, maana kamba ikilegea kaa wanatoka.

Sasa sheria, ambazo watu wetu hupenda kuziacha kwa madai kwamba hawakuambiwa. Kila mwenye umri wa miaka 12 na kuendelea lazima awe na leseni ya kaa na chaza, na leseni ya kuvua samaki ni nyingine. Kaa anayetafutwa, aitwaye Dungeness, huchukuliwa dume tu, wasiozidi 12 kwa mtu kwa siku, wenye upana usiopungua inchi 5¾, ukipima gamba mbele tu ya zile ncha mbili za pembeni bila kuzihesabu ncha zenyewe. Mgeuze umtazame tumboni: dume ana kifuniko chembamba, jike ana kipana cha kukumbatia mayai. Nunua kipimo cha plastiki, ni cha bei ndogo, na upime kila kaa hata yule unayeona wazi kwamba ni mkubwa. Yule mwekundu mwenye magando manene ana sheria yake, 24 kwa siku, wa jinsia na ukubwa wowote, na nyama yake ni chache lakini tamu. Kabla ya kuondoka nyumbani angalia matangazo ya serikali ya jimbo kuhusu sumu inayotokana na viumbe wadogo wa baharini, kwani wakati mwingine eneo hufungwa, na kumchemsha kaa hakuiondoi sumu hiyo.

Nimewahi kusikia mtu wetu akisema kwamba sheria hizi ni za kuwabana wageni. Hapana. Baba yangu hakuwa na kipimo cha plastiki, lakini kaa jike mwenye mayai alirudishwa mikokoni, na aliyemficha alisemwa. Tukijifanya kwamba nidhamu tumeikuta Marekani tunawadhulumu wazee wetu.

Samaki nitapita haraka. Kutoka kwenye ukuta wa mawe watu huvua samaki wa miambani na samaki mkubwa aitwaye lingcod, na majira ya kupukutika majani samoni huingia ghubani. Lakini juu ya mawe yale sipeleki mtoto, na wewe usimpeleke. Mawe yana utelezi na mapengo ya kumeza mguu, na mawimbi ya ghafla hupanda bila kutoa taarifa. Mlango wa ghuba hii umeua: mwaka 2003 chombo cha kukodi kilichobeba wavuvi kilipinduka kikivuka pale na watu 11 wakafa, na nahodha wake hakuwa mgeni wa maji yale. Hata ukuta wenyewe una historia yake. Ulipokamilika mwaka 1917 upande wa kaskazini peke yake, mchanga ulijaa huku Barview, na ng'ambo ya pili mji wa Bayocean ukaanza kuliwa na bahari, mpaka mwaka 1952 maji yakaikata kabisa rasi yake. Usiipe bahari hii mgongo. Nitalirudia kwa sababu najua utalisahau ukianza kupiga picha: usiipe mgongo.

Kiwanja ukitafute mapema, hasa kwa Julai na Agosti, na ukitafute katika ofisi ya hifadhi za kaunti; wengi huchungulia katika mfumo wa hifadhi za jimbo, hawaioni Barview, wakadhani imefungwa. Wengine hawatafuti kabisa, kwa kuwa wanaona aibu kuwa watu weusi pekee katika msururu wa mahema. Hao nawaambia kwamba tangu mwaka 1967, gavana wa jimbo hili akiwa Tom McCall, sheria iliweka wazi kwamba ufuo wote wa Oregon ni wa watu wote. Kodi unalipa, barabara unalipia, leseni unayo. Kaa nyumbani ukipenda, lakini usikae kwa sababu unangoja kualikwa mahali ambapo mwenyeji ni wewe mwenyewe.

Amebaki mama mkwe. Usimbembeleze kuhusu hema, na usimwambie kwamba hili ni hema la starehe. Yeye anajua mahema kuliko wewe na mimi. Garibaldi na Rockaway Beach zina nyumba za wageni zenye vitanda na mlango wa kufungwa, umkodishie chumba na umlete kando ya moto mchana kama mgeni wa heshima. Yule mzee aliyenisimamisha mkutanoni alikuja kwa njia hiyo hiyo, akala kaa wa tui la nazi, akasema chumvi ilizidi, na mwaka uliofuata alikuja tena na bado alilala hotelini. Kaa huchemshwa kama robo saa hivi katika maji ya bahari yenyewe, kisha ndipo unawavunja na kuwaingiza katika mchuzi. Mwombe mama aje na sufuria lake kubwa la shughuli, kwa sababu hizi zinazouzwa kwa ajili ya kambi hazitoshi kaa watatu.