Barua kwa mwanangu: Anaposikiliza

Mwanangu mpenzi,

Salamu zako nimezipata, na swali lako pia. Unasema darasani kwenu mmebishana: je, Juanita Moore, mwigizaji Mweusi wa Marekani, alikosea kukubali, filamu baada ya filamu, kuvaa aproni ya mtumishi?

Unajua ninachosema siku zote. Mwigizaji mtazame anaposikiliza, si anaposema. Kusema hata kasuku anasema.

Juanita alizaliwa Mississippi mwaka 1914, akakulia Los Angeles, akacheza dansi Cotton Club, klabu ya usiku ya New York. Mwaka 1949 alionekana kwenye filamu ya Pinky, akiwa nesi. Ikafuata miaka ya vipande vidogo vidogo, mpaka 1959 alipopewa nafasi ya Annie, mtumishi Mweusi, katika filamu ya Imitation of Life ya mwongozaji Douglas Sirk. Alikuwa na miaka 44.

Kanda yake mjomba wako aliileta kutoka Muscat. Wewe ulilala mapajani mwa bibi kabla haijafika nusu. Annie ana binti, Sarah Jane, mweupe wa kuweza kujifanya Mzungu, naye anamkana mama yake. Mama anamfuata mpaka chumbani kwake Hollywood, amwone mara ya mwisho. Mara rafiki wa binti anaingia, anamdhania Annie mtumishi. Annie hamuumbui mwanawe. Anajifanya alikuwa yaya wake tu, anaaga.

Pale nilitaka kuizima video.

Nilikuwa darasa la sita, Tanga. Nilisahau daftari, bibi yako akaniletea akitokea kwa watu aliokuwa akiwafulia, kanga imelowa mpaka magotini. Wenzangu wakauliza, nani yule? Nikasema, "Yaya wetu." Alisikia. Nilimwona akisikia. Akaliweka daftari juu ya dawati, akasema, "Haya dada, hili hapa," akaenda zake. Usiku akanipakulia chakula kama kawaida. Afadhali angenichapa. Au hapana, angenichapa ningepata la kumlaumu, na hilo nalo lisingenisaidia.

Basi miaka mingi baadaye tumekaa sebuleni, mimi namtafsiria bibi yako Kiingereza cha filamu ile. Tulipofika kwenye chumba kile nikanyamaza, ulimi ukakataa. Hakuniuliza wanasema nini. Alitazama mpaka mlango ukafungwa, akasema, "Mama huyu anajua kusikiliza."

Ndiko nilikoyatoa maneno yangu.

Wewe unauliza kuhusu aproni, mimi linaloniuma ni lililokuja baada yake. Juanita aliteuliwa kuwania Oscar, yeye na Susan Kohner aliyecheza Sarah Jane, wote wawili kwa tuzo ileile. Waigizaji Weusi waliowahi kuteuliwa kabla yake walikuwa wanne tu. Akashinda Shelley Winters kwa The Diary of Anne Frank. Ungedhani sasa kazi zitamiminika. Zikapungua! Watayarishaji waliona haya kumpa sinia abebe mtu aliyeteuliwa kwa Oscar, na kwa mwanamke Mweusi hawakuwa wameandika kitu kingine zaidi ya sinia. Kwa hiyo mkimhukumu yeye kwa aproni, wale walioishona mnawaacha wapi?

Ingawa najua utanijibu kwamba angeweza kukataa. Angeweza, ndiyo. Na Annie angechezwa na mwingine, labda mwingine asiyejua kusikiliza, na mimi nisingeketi karibu na mama yangu nikiwa nimefungwa ulimi. Lakini hiyo ni faida yangu mimi, si yake. Juanita aliishi mpaka Januari 1, 2014, miaka 99, na katika miaka yote hiyo hakupewa tena nafasi kama ile.

Kama Winters alistahili kumshinda, sitasema. Alicheza vizuri, haki yake. Ningekuwa na kura mimi... basi, niache.

Itazame tena sehemu ile, bila sauti. Uniandikie umeona nini usoni mwake kabla hajatoka.

Mama yako