Filamu ya Kwenda Oscar Huandaliwa Ukiwa Bado Dar

Ikifika Agosti, vijana wanaoanza kazi za filamu hapa mjini huja na swali lilelile: filamu yangu naipelekaje Oscar? Jibu la kwanza ni kwamba wewe huipeleki. Katika kipengele cha Filamu Bora ya Kimataifa kwa kawaida nchi ndiyo inayopeleka, na kila nchi ina nafasi ya filamu moja tu kwa mwaka. Kamati ya nchi, iliyokubaliwa na Akademi ya Marekani inayotoa tuzo hizo, ndiyo inayochagua. Hata ushindi, kwa miaka mingi, umehesabiwa wa nchi, mwongozaji akipanda jukwaani kuupokea. Kwa hiyo ushindani wako wa kwanza hauko Los Angeles. Uko hapahapa, na kabla ya kamati uko kwenye faili lako la makaratasi.

Naandika haya kwa sababu inaniuma kuona filamu nzuri ya Bongo ikikosa sifa kabla hata hakimu mmoja hajaitazama, tena kwa mambo ambayo yangeamuliwa wiki ya kwanza ya mradi bila kuongeza shilingi kwenye bajeti.

Kwanza ijue historia yetu, ni fupi. Tanzania ilipeleka Maangamizi, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, mwaka 2001. Ikaja kupeleka tena mwaka 2022, safari hii Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi kuhusu Zanzibar ya miaka ya 1950. Katikati ni miaka 21. Filamu zilikuwepo miaka hiyo yote, Kariakoo ilikuwa inauza kanda kisha DVD kwa maelfu, lakini kuwa na filamu ni jambo moja na nchi kuwa na kamati inayokaa na kupeleka ni jambo jingine. Waulize Bhutan. Mwaka 2020 walipeleka filamu iitwayo Lunana: A Yak in the Classroom, iliyopigwa kwenye kijiji cha milimani kwa umeme wa jua. Ikakataliwa, si kwa ubovu, bali kwa sababu nchi ilikuwa haijapeleka filamu tangu 1999 na haikuwa na kamati inayotambuliwa. Wakaunda kamati, wakapeleka filamu ileile mwaka uliofuata, ikaingia tano bora. Kwa hiyo usione aibu kuuliza mapema, hata Machi, kama mwaka huu kamati ipo na tangazo lake litatoka lini. Kuuliza ni sehemu ya kazi ya mtayarishaji.

Sasa lugha. Sharti ni kwamba zaidi ya nusu ya mazungumzo yawe kwa lugha isiyo Kiingereza. Kiswahili kinakubalika, Kimakonde kinakubalika, Kihehe hali kadhalika. Wengi wakisikia hivyo wanapumua: filamu yangu ni ya Kiswahili, hili halinihusu. Linakuhusu sana. Mwaka 2019 Nigeria ilipeleka filamu kwa mara ya kwanza kabisa kwenye kipengele hiki, Lionheart ya Genevieve Nnaji, ikaondolewa kwa kuwa Kiigbo kilikuwa dakika kama 11 tu na kwingine kote ni Kiingereza. Nnaji alieleza hadharani kwamba hivyo ndivyo Wanigeria wanavyoongea, na ni kweli, lakini sharti halikulegea. Israeli nayo iliwahi kuondolewa filamu yake, The Band's Visit, mwaka 2007, kwa sababu wahusika wake Waarabu na Waisraeli walikuwa wakielewana kwa Kiingereza.

Tazama Dar yetu ya leo. Mhusika wako anafanya kazi benki Posta, anaishi Mikocheni, mchumba wake amesoma nje. Kwenye skripti umeandika Kiswahili. Mkifika lokesheni, mwigizaji anataka huyo mtu aonekane msomi, anaanza sentensi kwa Kiswahili na kuimalizia kwa Kiingereza. Imetoka vizuri, mwongozaji ameipenda, mnahamia shoti nyingine. Ikitokea hivyo kwenye kila sini ya ofisini, na kwenye kila simu na kila kikao, unaweza kumaliza filamu ukiwa hujui ina Kiingereza kiasi gani.

Dawa yake ni ndogo. Mtu wa kontinyuiti, yule anayefuatilia shoti zisipishane, apewe kazi ya kuandika kila teki, yaani kila rudio la shoti, iliyobadilika lugha. Halafu kwenye chumba cha kuhariri, picha ikishafungwa, yaani mpangilio wa shoti haubadiliki tena, pitisha filamu yote ukiweka alama kwenye mstari wa sauti: rangi moja kwa Kiingereza, rangi nyingine kwa lugha nyingine zote. Jumlisha sekunde za kila rangi. Hapa unapima maneno yanayotamkwa, kwa hiyo muziki na kimya viache pembeni. Ukikuta Kiingereza kiko karibu na nusu, bado una nafasi ya kuchagua teki nyingine au kumwita mwigizaji aingize sauti upya. Hesabu hiyo iandike kwenye karatasi, iweke kwenye faili, kwa sababu kamati yoyote makini itakuuliza.

Jambo linalowaumiza vijana wengi zaidi ni mahali filamu inapoonekana kwa mara ya kwanza. Kanuni inataka filamu itoke kwanza sinema: sinema ya biashara, nje ya Marekani, siku zisizopungua 7 mfululizo, ndani ya kipindi ambacho miaka ya karibuni kimekuwa kikifungwa Septemba 30. Ikitangulia kuonekana kwenye televisheni au mtandaoni, imejitoa yenyewe. Na sisi hapa ndiyo njia yetu ya kawaida. Mtu anamaliza filamu, ana madeni ya kamera na chakula cha wasanii, anaikata vipande anaimwaga YouTube, au anaiuza kwenye chaneli ya king'amuzi inayolipa haraka. Simlaumu, deni ni deni. Ila kama una nia ya Oscar, mkataba wa televisheni uandikwe kwamba filamu itarushwa baada ya wiki ya sinema, na tarehe itajwe. Nimeona wanunuzi wakikubali kipengele hicho bila ubishi mradi wameelezwa kabla ya kusaini. Trela mtandaoni haina tatizo. Kupita kwenye matamasha kama ZIFF kule Zanzibar nako hakukuharibii, bali kunakusaidia, maana wanakamati wengi hukutana na filamu huko.

Hizo siku 7 zichukulie kwa uzito. Mfululizo maana yake Jumatatu mpaka Jumapili bila pengo, si wikiendi mbili zilizounganishwa kwa maneno. Kenya mwaka 2018 ilitoa mfano mkubwa: Rafiki ya Wanuri Kahiu, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa Cannes, ilikuwa imepigwa marufuku kuonyeshwa nchini mwake. Mwongozaji akaenda Mahakama Kuu, na mahakama ikasimamisha marufuku kwa siku 7, hesabu ileile inayotakiwa na Akademi. Watu wakajaa sinema za Nairobi. Mwishowe kamati ya Kenya ikachagua Supa Modo ya Likarion Wainaina, lakini angalau Rafiki ilifika mezani ikiwa na sifa ya kushindanishwa.

Dar es Salaam kumbi za sinema za kisasa si nyingi. Ukienda sehemu kama Mlimani City utakuta ratiba za jioni zimeshikwa na filamu za Marekani na India. Usigombanie saa 1 usiku ukakosa vyote. Chukua saa 8 mchana ukipewa, mradi ni kila siku na watu wanakata tiketi. Kisha kusanya ushahidi siku hiyohiyo: picha ya bango lenye saa na tarehe, tangazo lililotoka, ripoti ya mauzo ya kila siku, na barua ya ukumbi yenye mhuri inayosema filamu ilianza lini ikaisha lini. Barua ya miezi mitatu baadaye huandikwa na mtu ambaye hata hakuwepo. Vibandaumiza navipenda, ndivyo vilivyomjengea mtazamaji wetu tabia ya kulipia filamu ya Kiswahili, lakini kwa sharti hili havihesabiwi.

Na ukumbi hautapokea MP4 kwenye flashi. Wanataka DCP, kifurushi maalumu cha sinema. Omba muda wa kuijaribu asubuhi kabla ya onyesho la kwanza, ukae na fundi wa projekta, kisha ushuke ukae viti vya katikati. Sikiliza kama mazungumzo yanatoka spika ya kati nyuma ya skrini au yamezama kwenye muziki. Angalia maandishi ya tafsiri kama mstari wa chini haujakatwa na pazia. Filamu iliyosikika safi kwenye hedifoni huko Sinza inaweza kuunguruma ukumbini mpaka usisikie neno.

Kuhusu hayo maandishi ya Kiingereza: ni lazima, na ndiyo sauti ya filamu yako kwa karibu kila mpiga kura. Usimwachie binamu anayejua Kiingereza au programu ya kutafsiri. Mtafute mtu anayeandika mazungumzo vizuri, mpe filamu pamoja na skripti. Mistari isizidi miwili kwa wakati mmoja, na kila mstari uwe na herufi kama 40 hivi, la sivyo mtazamaji atasoma filamu nzima bila kuona uso wa mwigizaji. Ugomvi wa uswahilini ambapo watu wanne wanaongea kwa pamoja hauwezi kutafsiriwa wote, chagua sauti inayobeba hadithi. Ukimaliza, mwonyeshe mtu asiyejua Kiswahili kabisa, mkae kimya, umuulize alichoelewa.

Makaratasi mengine nayapitia haraka kwa kuwa yanajulikana, ingawa huachwa. Kibali cha Bodi ya Filamu kabla ya kupiga picha, kisha ukaguzi na daraja kabla ya kuonyesha. Mikataba iliyosainiwa na waigizaji na mafundi, si makubaliano ya WhatsApp. Kama hadithi imetoka kwenye riwaya, mkataba na mwandishi au warithi wake. Kwa muziki kuwa mkali zaidi: wimbo wa taarabu unaopigwa redioni nyuma ya sini una mwenyewe, na ruhusa ya mdomo ya msanii haimfungi mtayarishaji wa wimbo. Pia weka orodha ya mikono iliyoshika ubunifu. Belarus ilipeleka Persian Lessons mwaka 2020 ikakataliwa kwa kuwa watu wake wachache mno walihusika. Ukipata mbia wa Ulaya mwenye pesa, mpokee kwa furaha, ila hakikisha waliobeba maamuzi ya kisanaa ni raia au wakazi wa hapa na majina yao yanaonekana.

Miaka ya karibuni Akademi imekuwa ikifunga kupokea mwanzoni mwa Oktoba, maana yake kamati ya nchi inahitaji filamu yako kabla ya hapo. Panga kurudi nyuma kutoka tarehe hiyo: wiki ya sinema iwe Julai au Agosti, DCP na tafsiri ziwe tayari Juni. Baada ya kupokelewa, filamu yako inakuwa moja kati ya zaidi ya 80 kutoka duniani kote. Desemba zinabaki 15, kisha 5.

Na kamati ikichagua ya mwenzako, mpongeze na umsaidie, maana nchi ikisikika mara moja, mwaka unaofuata filamu ya Tanzania inatazamwa kwa jicho jingine. Yako bado ina njia. Mwaka 2023 Ufaransa iliiacha Anatomy of a Fall ikapeleka filamu nyingine ambayo haikufika tano bora. Anatomy of a Fall ikapata msambazaji Marekani, ikaonyeshwa sinema za kule, ikashindanishwa kwenye vipengele vya kawaida na kuchukua tuzo ya skripti bora isiyotokana na kitabu. Njia hiyo inahitaji DCP ileile, tafsiri ileile na mikataba ileile iliyomo kwenye faili lako, basi usilivunje faili siku matokeo yanapotangazwa.