Usiuze kibanda kwa ajili ya chipsi za Paris

Mdogo wangu, ujumbe wako nimeusoma, kwamba unataka kuuza kibanda chako cha chipsi uje kukaanga huku Paris. Nani kakwambia mkaanga chipsi huku Ufaransa anamaliza nyumba ndani ya mwaka? Huyo dalali wako muulize kitu kimoja tu: hati za mshahara zitatoka kwa jina la nani?

Zangu zinatoka kwa jina la mtu mwingine. Yeye ana kibali, mimi sina, kwa hiyo nafanya kazi kwa karatasi zake. Mshahara unaingia kwake, anakata chake, kinachobaki ndiyo kodi ya chumba na dawa za mama. Jikoni wananiita jina lake na mimi naitika. Baridi nimeizoea, hilo sijalizoea. Sheria ya 2024 inaturuhusu kuomba kibali, ukiwa umekaa miaka 3 na umefanya kazi miezi 12 kati ya 24 ya mwisho, tena kwenye kazi zenye uhaba wa watu. Miezi ninayo. Ila mpaka mwajiri athibitishe kwa maandishi kwamba yule wa kwenye hati ni mimi, na wangu kila nikimgusia ananiambia tutaona.

Kazi yenyewe naiheshimu. Chipsi zetu ni pommes Pont-Neuf, jina la lile daraja la Paris lililokamilika 1607. Ni nene, upana sentimita 1, urefu kama 7. Unazikata zilingane, unaziosha mpaka maji yatoke safi, unazifuta zikauke kabisa. Mafuta mara mbili: kwanza nyuzi 150 hivi, ziive bila kushika rangi. Unaziopoa, zinapumzika. Mteja akiagiza, unazirudisha kwenye nyuzi 180 mpaka ziwe za dhahabu. Nje zinakatika kwa mlio, ndani uji mtupu. Vidole vyangu vimepasuka kwa yale maji.

Usije. Ukipata viza halali ya masomo, njoo, utalala kwangu, na Kifaransa anza leo. Lakini kibanda usiuze! Jaribu hapo hapo Tandika kukaanga mara mbili: mchana unaivisha, jioni foleni ikianza unamalizia kwa dakika chache. Karai la pili nitakutumia hela mwisho wa mwezi.

Habari ya jina mama asijue. Nipigie Jumatatu, siku hiyo tunafunga.