Kabla ya Semina, Mkabidhi Kijana Hesabu

Kampuni ya Kijapani inapoyumba, wakuu wake hukimbilia kuwapeleka vijana kwenye mafunzo. Niliyaona hayo nilipofanya kazi katika kiwanda cha vipuri huko Osaka: vijana walirudi na vyeti, wakaketi palepale, na mapendekezo yao yakawa yanazungushwa meza hadi meza yakigongwa mihuri ya wakubwa mpaka mteja akachoka kusubiri. Kwa hiyo namshauri yeyote aliyepewa dhamana ya kuwalea vijana katika kampuni ya namna hiyo aanze kwa kuwakabidhi hesabu.

Hesabu ninayoisema ni kitengo kidogo chenye mapato na matumizi yake, ambacho faida na hasara yake inasomwa kwa jina la kijana mwenyewe. Kazuo Inamori, mwanzilishi wa Kyocera, kampuni ya Kijapani ya kauri na vifaa vya elektroniki, aliigawa kampuni yake hivyo tangu miaka ya 1960, katika vikundi vidogo vyenye viongozi wao, kila kimoja kikipima thamani kinayoiongeza kwa kila saa ya kazi. Naye mwenyewe alikuwa kijana ambaye kampuni iliyodhoofika ilimpoteza. Mwaka 1955 aliajiriwa na kiwanda kimoja cha Kyoto kilichokuwa kikichelewesha mishahara, akatengeneza humo kauri mpya ya vifaa vya televisheni, kisha akagongana na mkuu mpya wa idara. Aliondoka, wenzake wakamfuata, na mwaka 1959, akiwa na miaka 27, wakaanzisha Kyocera.

Utaratibu huo wa vikundi vidogo aliupeleka katika shirika la ndege la Japan Airlines, iliyofilisika Januari 2010, alipokubali kuiongoza bila mshahara akiwa na miaka 78. Watu waliozoea kusubiri takwimu za jumla kwa miezi wakaanza kuona faida ya kila safari ya ndege, na Septemba 2012 hisa za shirika zikarejea katika soko la Tokyo. Haki isemwe: madeni mengi yalifutwa na maelfu ya wafanyakazi walipunguzwa, hivyo si hesabu peke yake iliyoliokoa.

Ugumu wenyewe uko kwenye umri. Mahali ambapo mshahara na cheo vimepanda kwa miaka ya utumishi, kumweka mtu wa miaka 28 juu ya fundi wa miaka 50 ni kumtafutia uadui, na tangazo la mkutanoni halitamsaidia. Mwendee fundi huyo kwanza, faraghani, umweleze kitengo kitapimwaje na umwombe awe mshauri wa kijana; Wajapani wenyewe hawaleti jambo zito kikaoni kabla ya kulizungumza pembeni. Chagua kitengo ambacho hasara yake kampuni inaweza kuimeza. Halafu pigana na idara ya utumishi, ambayo kwa desturi itataka kumhamisha kijana baada ya miaka michache: asihamishwe kabla ya kufunga angalau mwaka mmoja kamili wa hesabu unaotokana na maamuzi yake mwenyewe, na nyongeza yake ya mshahara itokane na mwaka huo.