Vita vya msalaba ndani ya Ufaransa: Papa alitumia sheria gani?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Nasomea ualimu wa historia, mwaka wa pili. Nimepewa mada ya semina kuhusu vita vya msalaba dhidi ya wazushi wa kusini mwa Ufaransa (Wakathari, Wakristo waliofuata mafundisho yaliyokataliwa na Kanisa), vilivyoanza 1209, na nimekwama mahali pawili. Kwanza, tulizoea kwamba vita vya msalaba ni vya kwenda Yerusalemu kupigana na Waislamu. Papa alipata wapi mamlaka ya kisheria ya kupeleka jeshi kwenye nchi ya Wakristo? Pili, ule usemi unaodaiwa kutamkwa na abate, yaani mkuu wa monasteri, aliyeongoza jeshi lililouteka mji wa Béziers, "Waueni wote, Mungu atawatambua walio wake", naweza kuuandika kama ushahidi?

JIBU: Marahaba. Naanza na la pili, maana ndilo linalowaponza wengi.

Usiuandike kama ushahidi wa maneno yaliyotamkwa. Unatoka kwa mtawa mmoja, Caesarius wa Heisterbach, aliyeishi Ujerumani, mbali kabisa na Béziers, na aliyeandika miaka zaidi ya kumi baada ya tukio. Yeye mwenyewe hakudai kwamba abate "alisema". Kwa Kilatini kaandika fertur, yaani "inasemekana", na neno hilo ndilo watu hulidondosha njiani wanapomnukuu. Halafu fungua 2 Timotheo 2:19, utakuta "Bwana awajua walio wake". Abate anayesingiziwa maneno hayo, Arnaud Amalric, mkuu wa monasteri ya Cîteaux na mjumbe wa Papa, aliijua Biblia kwa moyo. Mtawa anayetunga visa vya kufundishia wanovisi (watawa wanafunzi) naye aliijua vilevile. Kwa hiyo mstari huo haututhibitishii chochote.

Lakini usije ukaruka upande wa pili ukasema basi mauaji yenyewe ni ya kubuni. Arnaud alimwandikia Papa baada ya mji kuanguka tarehe 22 Julai 1209, akaeleza kwamba watu wao hawakujali cheo, jinsia wala umri, na kwamba karibu watu 20,000 walipitiwa na upanga. Idadi hiyo imetiwa chumvi, wanahistoria wengi huishusha sana. Angalia hata hivyo ni nani anayeandika: ni kiongozi wa msafara, na anajisifu, hajitetei. Mshairi mmoja wa wakati uleule anasimulia pia kwamba wakuu wa jeshi walikuwa wameshakubaliana: ngome ikikataa kujisalimisha, ikitekwa wachinjwe wote, ili ngome za mbele ziingiwe hofu. Weka hayo mawili kwenye semina yako, uache ule usemi.

Siku yenyewe ilikwenda hivi. Askofu wa Béziers aliingia mjini na orodha ya wazushi, majina 200 na ushei, akawasihi Wakatoliki wawatoe hao, au wao wenyewe watoke wayanusuru maisha yao. Wakakataa kuwatoa jirani zao. Ilikuwa sikukuu ya Maria Magdalena. Baadhi ya wenyeji wakatoka nje ya lango kuwachokoza wavamizi, na waliowavaa hawakuwa mabwana wa farasi bali wapambe wa kambi, wapagazi na watumishi, peku, shati na suruali tu mwilini, rungu mkononi. Wakaingia nao langoni. Mabwana walipomaliza kuvaa deraya na kufika, walikuta makabwela wameshajitwalia majumba yenye mali, wakawafukuza kwa fimbo kama mbwa. Wale kwa hasira wakautia mji moto. Katika vurugu ya namna hiyo, binafsi sioni ni nani angepata nafasi ya kwenda kumuuliza abate amuue nani na nani amwache.

Sasa sheria. Kanisa liliweza kumtenga mtu, ila halikuwa na askari. Utekelezaji ulikuwa mkononi mwa mtawala wa eneo. Mwaka 1184 Papa Lucius III aliagiza maaskofu wawatafute wazushi, na watawala waape kuwasaidia. Mwaka 1199 Papa Innocent III akapiga hatua nzito zaidi: akaulinganisha uzushi na uhaini wa sheria ya Kirumi. Kama anayemsaliti mfalme hufilisiwa na watoto wake kuachwa mikono mitupu, sembuse anayemsaliti Mungu? Hapo mali ikaingia kwenye shauri la imani.

Likabaki tatizo moja: mtawala mwenyewe asipotaka? Raymond VI wa Toulouse, mtawala mkubwa wa kusini, hakuwa mzushi. Alikuwa na wazushi kila kona ya nchi yake, tena wengine wa koo kubwa. Watu wa huko waliwaita "watu wema". Walifundisha kwamba ulimwengu huu unaoonekana ni kazi ya mwovu, hawakula nyama, mayai wala maziwa (samaki walikula), na hawakuapa kamwe. Hilo la kuapa usilipite haraka. Katika jamii ya kikabaila, ambamo ardhi, utumishi na amani vyote vilifungwa kwa kiapo, mtu asiyeapa alikuwa tishio hata kwa asiyejali dini.

Tarehe 14 Januari 1208 mjumbe wa Papa, Pierre de Castelnau, aliuawa karibu na mto Rhône, na lawama zikamwangukia Raymond. Innocent akatangaza kwamba walio chini ya Raymond wamefunguliwa viapo vyao, na ardhi yake "imeanikwa": Mkatoliki yeyote ruksa kuitwaa na kuishikilia. Kwa watakaopigana akaahidi rehema (msamaha wa adhabu ya dhambi) sawa na ya wanaokwenda Yerusalemu, na hii uliipata kwa utumishi wa siku 40, bila kupanda meli. Jibu la swali lako la kwanza limo kwenye neno hilo "kuanikwa". Mfalme Philip II wa Ufaransa aliliona mara moja, akamjibu Papa: mhukumuni kwanza kwa uzushi, kisha mnijulishe, kwa sababu ardhi hiyo kaipata kwangu mimi. Ni hoja ya mwenye shamba, wala si ya mtetezi wa wazushi.

Raymond naye alikuwa mjanja. Juni 1209 alikubali kuchapwa viboko mbele ya kanisa la Saint-Gilles, akapatanishwa, kisha akajiunga na jeshi lilelile. Ardhi yake ikawa salama kwa muda, na jeshi, lililokuwa limeshakusanyika na lilihitaji pa kwenda, likamgeukia mpwa wake Raymond Roger Trencavel, bwana wa Béziers na Carcassonne. Carcassonne ilisalimu amri Agosti. Trencavel akafia kifungoni Novemba, na nchi yake akapewa Simon de Montfort, bwana mdogo kutoka karibu na Paris. Mtaguso wa Nne wa Laterano, mkutano mkuu wa Kanisa wa 1215, ukaufanya utaratibu huo sheria ya jumla: mtawala aliyetengwa kwa kutosafisha nchi yake akipitisha mwaka bila kutubu, ardhi yake inaachwa wazi.

Kwa hitimisho la semina, fuatilia ardhi na uzushi kila kimoja peke yake. Ardhi: kwa mkataba wa Paris wa 1229, uliomaliza vita hivyo, binti wa Raymond VII, mwana wa Raymond VI, aliahidiwa kwa ndugu wa mfalme, wote wawili walifariki 1271 bila mtoto, na Toulouse ikawa ya taji la Ufaransa. Uzushi: kwenye ngome ya Montségur walichomwa moto watu zaidi ya 200 mwezi Machi 1244, miaka 15 baada ya mkataba, na wa mwisho anayejulikana kati ya wale watu wema, Guilhem Bélibaste, alichomwa Villerouge-Termenès mwaka 1321. Huyo hakukamatwa na jeshi. Aliponzwa na jasusi aliyejifanya muumini mwenzake.