Kubishana na benki juu ya hesabu hakuzuii mnada

SWALI: Wakili, mimi na mke wangu tuliweka rehani nyumba tunayoishi Nakuru. Sijalipa kwa miezi minane, na sasa dalali ameniletea notisi ya siku 45. Benki inadai milioni 4.2, kwa hesabu yangu ni milioni 3.4. Kuna jamaa anasema nikimpa 80,000 ataweka kesi, na benki haitagusa nyumba mpaka iishe. Je, korti itanisaidia?

JIBU: Inaweza, lakini si kwa hoja hiyo ya hesabu. Mahakama za Kenya zimelisema hili miaka nenda miaka rudi: benki haizuiwi kuuza kwa sababu tu kiasi cha deni kinabishaniwa. Anayetaka kuzuia mnada kwa hoja hiyo hutakiwa aweke kortini pesa zinazodaiwa, na ungekuwa nazo usingeniandikia. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinaweka kikomo: riba isizidi mtaji, yaani pesa za mkopo bila riba, uliobaki siku mkopo ulipoacha kulipwa. Kitumie kupunguza deni. Lakini zile milioni 3.4 unazozikubali mwenyewe, umelipa ngapi? Hizo pekee zinatosha kuipa benki haki ya kuuza nyumba yako.

Wala usimwambie jaji kwamba ndipo watoto walipozaliwa. Ulipoiweka rehani uliifanya mali yenye bei, na hasara yenye bei hulipika kwa fidia.

Fungua faili, utazame notisi. Chini ya kifungu cha 90 cha Sheria ya Ardhi ya 2012, benki husubiri mwezi mmoja wa kutolipa, kisha hukupa notisi ya miezi mitatu inayotaja kosa, kiasi cha kulipa na haki yako ya kwenda mahakamani. Hiyo ikiisha ndipo ije ya siku 40 ya kifungu cha 96, ambayo mwenzi wako naye hupewa nakala. Siku 45 za dalali ni notisi nyingine kabisa, si badala ya hizo. Ikikosekana mojawapo, au ikitumwa kwa anwani isiyo yako, hapo una kesi. Angalia pia kama mkeo alitia sahihi au kuridhia rehani, maana bila hivyo rehani ya nyumba ya ndoa haina nguvu. Mwisho dai ripoti ya mthamini: isizidi miezi 12.

Maombi ya amri ya kuzuia mnada hupelekwa kortini kwa hati ya dharura, pamoja na kesi yenyewe na hati ya kiapo. Utahitaji kuonyesha kesi yenye msingi, madhara yasiyofidika kwa pesa, na jaji akibaki na shaka, upande utakaoumia zaidi. Amri itolewayo benki isiposikizwa haizidi siku 14, na usipoikabidhi kwa benki ndani ya siku tatu inakufa. Jaji anaweza kukutaka uweke sehemu ya deni. Na kama kosa ni la notisi, utapata muda tu: benki itaanza upya na riba haisimami.

Huyo jamaa wa 80,000 hakuambii hayo. Kuweka kesi hakusimamishi chochote. Kinachosimamisha ni amri, na hata amri huisha baada ya miezi 12 kesi ikikwama, jaji asipoamuru vingine. Mawakala hawa hupenda kufungua kesi ya pili korti nyingine wakificha ya kwanza. Jaji akigundua, amri hufutwa, na gharama za mawakili wa benki huongezwa kwenye deni lako. Hata kusaini karatasi za korti hawawezi: muulize namba yake ya uwakili, kisha uitafute kwenye orodha ya Chama cha Wanasheria cha Kenya.

Hizo siku 45 zitumie kuiandikia benki ukiomba uuze mwenyewe, kwa tarehe na bei, ukiambatisha barua ya mnunuzi. Nyundo ikishaanguka, haki ya kukomboa nyumba imekwisha. Kifungu cha 99 humlinda mnunuzi, nawe unabaki kuidai benki fidia.